Peggy Lee na Ufundi wa Sauti ya Chini

Mei 1958, katika studio za kampuni ya Capitol huko Hollywood, mwimbaji Mmarekani Peggy Lee alirekodi wimbo "Fever" akiwa na wapigaji ambao wangetosha kwenye benchi moja. Joe Mondragon alikuwa na besi, ile kubwa inayopigwa kwa kusimama. Shelly Manne alikuwa kwenye ngoma. Palikuwa na mtu wa kualisha vidole, na palikuwa na yeye mwenyewe mbele ya mikrofoni. Hapakuwa na piano, wala fidla, wala tarumbeta. Siku zile kampuni ya santuri ikitaka wimbo uuzike ilikodi okestra nzima, mwimbaji akaachiwa kazi ya kushindana nayo. Lee alitaka wimbo ubaki mfupa mtupu, na mfupa huo akauimba kwa sauti ambayo isingemwamsha mtoto aliyelala chumba cha pili.

Wimbo haukuwa wake. Ulitungwa na Eddie Cooley na Otis Blackwell, na aliyeutangulia kuurekodi ni Little Willie John, kijana mweusi aliyekulia Detroit, mwaka 1956, akiwa na miaka 18. Toleo lake lilifika kileleni mwa chati za muziki wa Wamarekani weusi. Ni toleo zuri mno: saksofoni zinanguruma chini, na kijana analalama kwa nguvu zake zote, mgonjwa wa kweli wa hiyo homa anayoiimba. Lee hakujaribu kumshinda hapo, na asingeweza. Yeye anaizungumzia homa hiyo akiwa ameizoea. Ameugua, amepona, anajua itarudi. Akaongeza na beti zake, zile za Romeo na Juliet na za Kapteni Smith na Pocahontas, ambazo waimbaji wengi waliomfuata, Madonna akiwa mmoja wao mwaka 1992, waliziimba kana kwamba zilikuwamo tangu mwanzo. Jina lake halimo katika orodha ya watunzi wa wimbo huo.

Usikilize tena ukiacha maneno, ufuate sauti peke yake. Muziki unapandishwa nusu toni, baadaye unapandishwa tena, na ngoma za Manne zinaingia kwa vishindo vifupi pale usipovitarajia. Joto linapanda. Mwimbaji hapazi. Kila unapodhani sasa ataiachilia sauti, anaishika, na kule kuishika ndiko kunakomfanya msikilizaji asogee karibu. Nimeusikiliza wimbo huu tangu ujana wangu na bado sijauzoea.

Nausifu ufundi huu kwa sababu wengi hawaudhanii kuwa ufundi. Tumezoea kumpima mwimbaji kwa kifua chake. Akishika noti ya juu na kuikalia mpaka mishipa ya shingo isimame, tunapiga makofi, na makofi hayo ni haki yake. Mwenye kuimba chini tunamwona amejaliwa tu sauti tamu, au tunamwona mvivu. Lakini anayepaza anasaidiwa na nguvu zenyewe. Pumzi nyingi huzikaza nyuzi za sauti, na nyuzi zilizokazwa huishikilia noti mahali pake. Ukipunguza pumzi, kila udhaifu unajitokeza: noti inateleza na kushuka kidogo, irabu zinapoteza umbo, mwisho wa mstari unafifia kabla neno halijaisha. Kuimba chini huku noti ikibaki sawasawa, neno likisikika mpaka herufi ya mwisho, na mapigo ya muziki yasipotee, kunataka misuli ya tumbo na mbavu ifanye kazi muda wote bila kuonekana inafanya kazi.

Kisha kuna mikrofoni. Kabla ya 1925 mwimbaji alirekodiwa kwa kuimba ndani ya pembe kubwa, na nguvu ya sauti yake ndiyo iliyoisukuma sindano kuchora mifereji kwenye nta. Mwenye sauti ndogo hakuwa na kazi pale. Kurekodi kwa umeme kulipoingia mwaka huo, ghafla ikawezekana mtu kumwimbia mmoja na wakasikia milioni. Mwimbaji Bing Crosby alikuwa miongoni mwa wa kwanza kuelewa maana yake. Lakini mikrofoni ina tabia zake. Ukiisogelea, sauti nzito inaongezeka, na pamoja nayo vinaongezeka vyote ambavyo jukwaani havisikiki: pumzi inayoingia, midomo inavyoachana, herufi p inayopasuka. Mwimbaji wa jukwaa huziona tabia hizi kuwa kero. Lee alizijua moja moja, akazitumia. Katika santuri zake pumzi ni sehemu ya mstari. Mara nyingi unasikia anavuta hewa, na kabla hajatamka chochote umeshajua atakachosema ni cha furaha au cha majuto.

Yeye mwenyewe alisimulia mahali alipoupata ufundi huu wa kuimba chini. Mwanzoni mwa miaka ya 1940, akiwa msichana asiyejulikana, aliimba katika baa moja ya Palm Springs, California, iliyoitwa The Doll House. Wateja walikuwa wa kunywa na kuzungumza. Alipopaza sauti ili asikike, nao walipaza zaidi ili wasikilizane. Basi akafanya lisilotarajiwa, akaishusha sauti mpaka karibu na mnong'ono. Meza moja ikanyamaza kumtazama anafanya nini, kisha ya pili, hatimaye ukumbi mzima. Wahenga wamesema kimya kingi kina mshindo mkuu. Peggy Lee aliujenga usanii wa miaka hamsini juu ya usiku ule.

Hakuwa Peggy Lee alipozaliwa. Jina lake lilikuwa Norma Deloris Egstrom, alizaliwa tarehe 26 Mei 1920 katika mji wa Jamestown, jimbo la North Dakota, nchi ya ngano na ya baridi kali, miongoni mwa familia zilizotoka Skandinavia. Baba yake alikuwa wakala wa stesheni kwenye reli ndogo, Midland Continental, na alikuwa mpenda pombe. Mama alifariki Norma akiwa na miaka minne. Mama wa kambo aliyeingia nyumbani alimpiga, kwa ushuhuda wake mwenyewe, kwa miaka mingi. Mtoto wa namna hiyo hujifunza mapema kusikiliza nyumba: hatua za nani hizo, mlango umefungwaje, leo kuna usalama au hakuna. Sitaki kudai kwamba maumivu ndiyo yaliyomfanya msanii, kwa kuwa wapo maelfu waliopigwa na hawakuimba. Ila sikio lile kali, linalosikia mabadiliko madogo katika sauti ya mtu, naona lilianza kunolewa pale.

Sikio hilo lilipata chakula chake kwenye redio. Usiku, mawimbi yanaposafiri mbali, redio ya North Dakota iliweza kunasa bendi ya Count Basie kutoka Kansas City. Basie alikuwa mpigaji piano aliyejulikana kwa kupiga noti chache kuliko wenzake na kuziacha zipumue, nafasi kati ya noti ikawa muziki pia. Sijui kama kuna shule bora kuliko hiyo kwa msichana aliyekuja kuwa Peggy Lee. Akiwa bado shuleni aliimba kwenye kituo cha redio cha Valley City, kisha akaenda Fargo, kwenye kituo cha WDAY, ambako mkurugenzi wa vipindi Ken Kennedy alimpa jina jipya.

Mwaka 1941 alikuwa akiimba katika hoteli moja ya Chicago, Ambassador, Benny Goodman alipomsikia na kumchukua badala ya Helen Forrest aliyekuwa akiondoka. Goodman alikuwa mfalme wa klarineti na wa bendi kubwa za jazi, na alikuwa bosi mgumu. Nafasi ya mwimbaji wa kike katika bendi ile ilikuwa finyu. Unakaa kwenye kiti mbele ya wanaume, umevaa gauni zuri, unatabasamu, unasimama na kuimba beti zako, unarudi kitini. Mwanzoni wahakiki hawakumpenda, na sauti yenyewe katika rekodi zake za kwanza inasikika imebanwa na woga. Lakini kile kiti kilikuwa na faida yake. Kila usiku alikuwa hatua chache kutoka kwa wapigaji bora kabisa wa Marekani, akisikia wapi tarumbeta inachelewa kwa makusudi na wapi saksofoni inaacha sentensi bila kuimaliza. Mpigaji mzuri wa jazi hakai juu ya pigo. Hukaa nyuma yake kidogo, akiwa na hakika kwamba pigo halitamkimbia. Lee aliuhamishia ujuzi huo kwenye maneno.

Wimbo uliomtoa kwenye kiti kile unatutaka tusimame kidogo. Alikuwa na santuri ya Lil Green, mwimbaji mweusi wa bluzi, "Why Don't You Do Right?", iliyotoka 1941, mtunzi akiwa Joe McCoy na gitaa likipigwa na Big Bill Broonzy. Aliipiga tena na tena kwenye chumba cha kubadilishia nguo, mpaka Goodman akamuuliza kama angependa kuiimba. Rekodi ya Lee na Goodman ya mwaka 1942 iliuza zaidi ya nakala milioni moja, na mwaka uliofuata aliuimba wimbo huo katika filamu "Stage Door Canteen". Lil Green alifariki Chicago mwaka 1954, umaarufu wake ukiwa mdogo sana kando ya ule wa Lee. Little Willie John alifia gerezani mwaka 1968. Nchi ile ilikuwa na milango miwili, mmoja wa redio kubwa na hoteli za kifahari, mwingine wa kumbi za watu weusi, na wimbo ule ule ulilipa tofauti kutegemea umepitia mlango upi. Mwenye kumsifu Lee na kulifumbia macho hilo anamsifu nusunusu. Kwangu ukubwa wake hapa ni kwamba alijua anajifunza kwa nani. Hakumwigiza Lil Green lafudhi wala mlio. Alichukua kwake jambo moja gumu: namna ya kumwambia mwanamume kwamba hafai bila kuonyesha hasira hata chembe.

Ndoa zake nitazipita haraka, maana zilikuwa nne na zote zilivunjika. Ya kwanza tu ndiyo inayohusu kazi. Mwaka 1943 aliolewa na Dave Barbour, mpigaji gitaa wa bendi ya Goodman, wakapata binti, Nicki, na Lee akaacha kuimba ili awe mama wa nyumbani. Kuacha huko hakukudumu. Alianza kutunga akiwa anafanya kazi za nyumbani, na mumewe akaupa muziki umbo. Kwa pamoja walitoa "It's a Good Day", "I Don't Know Enough About You", na mwaka 1948 "Mañana", uliokaa namba moja Marekani kwa wiki tisa. Huu wa mwisho siupendi. Unamchora mtu wa Meksiko kuwa mvivu, na lafudhi ya kuiga anayoitumia humo inaumiza masikio ya leo. Lakini kutunga kwenyewe kulikuwa jambo kubwa. Waimbaji wa kike wa kizazi chake waliletewa nyimbo na watayarishaji wakaambiwa waimbe. Yeye aliandika mashairi ya nyimbo zaidi ya 200, akishirikiana na watunzi wa daraja la Duke Ellington na Victor Young.

Asije mtu akadhani aliimba chini kwa kukosa nguvu. Mwaka 1952 alitaka kurekodi "Lover", wimbo wa Richard Rodgers na Lorenz Hart wa mwaka 1932, ulioandikwa kwa mwendo mtulivu wa waltz. Capitol walikataa kwa kuwa mpigaji gitaa Les Paul alikuwa amekwisha kuwatolea toleo lake. Lee akahamia kampuni ya Decca, akaugeuza wimbo kuwa mbio za ngoma za Kilatini, zikizidi kasi kila ubeti, na sauti yake ikiwa juu ya vurugu hiyo yote, kali na isiyotetereka. Anayeisikiliza "Lover" kisha akarudi kwenye "Fever" anajua kwamba ule unyenyekevu wa sauti ulikuwa uamuzi. Hukohuko Decca, Aprili 1953, alirekodi "Black Coffee" na kikundi kidogo cha piano, tarumbeta, besi na ngoma. Ningelazimishwa kubaki na santuri yake moja, ningebaki na hiyo. Mwanamke yuko peke yake usiku, hana usingizi, na hakuna mahali popote ambapo mwimbaji anakuomba umhurumie.

Filamu alicheza chache, na moja ingetosha. Katika "Pete Kelly's Blues" ya mwaka 1955, iliyoongozwa na Jack Webb aliyecheza pia kama Pete Kelly, Lee ni Rose Hopkins, mwimbaji mlevi anayemilikiwa na jambazi wa miaka ya 1920. Jambazi anamlazimisha aimbe klabuni akiwa amelewa. Wateja wanazungumza, hawamsikilizi, wimbo unamvunjikia mdomoni. Fikiria ni nani aliyepewa kazi hiyo: mwanamke ambaye miaka kumi na tano kabla yake aliunyamazisha ukumbi wa walevi kwa sauti ya chini, sasa anaigiza mwimbaji anayeshindwa jambo hilohilo. Ili ushindwe kwa ukweli lazima ujue kila hatua ya kufaulu, kisha uziondoe kwa mpangilio. Lee anaondoa kwanza uthabiti wa noti, halafu mwendo, halafu macho, ambayo yanaacha kumtazama yeyote. Baadaye Rose anapigwa, anaanguka ngazi, akili yake inarudi kuwa ya mtoto mdogo. Tunamkuta hospitali ya wagonjwa wa akili akiwa na mdoli, akiimba wimbo wa Arthur Hamilton kuhusu rangi za upinde wa mvua, "Sing a Rainbow".

Wimbo huo leo hufundishwa watoto wa madarasa ya awali katika nchi nyingi, na karibu hakuna anayewaambia walimu ulitoka wapi. Katika filamu unaimbwa na mwanamke aliyeharibiwa kwa kipigo. Lee anauimba kwa uzi mwembamba wa sauti, usio na mtetemo, usio na ule ujuzi wote wa jazi, na ni vigumu sana kwa fundi kuuweka chini ufundi wake wote na bado kila neno likafika. Aliteuliwa kuwania tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike. Tuzo ilikwenda kwa Jo Van Fleet wa "East of Eden", naye Lee hakucheza tena filamu kubwa. Hasara hiyo ni ya Hollywood.

Mwaka huohuo wa 1955 ilitoka filamu ya katuni ya Disney, "Lady and the Tramp", na humo alifanya kazi ya watu wanne au watano. Yeye na Sonny Burke walitunga nyimbo zake. Sauti alitoa za mama mwenye nyumba, za paka wawili wa Siam, na ya mbwa wa kike aliyewahi kuwa msanii wa maonyesho, anayeimba rumande akiwaambia wenzake habari za Tramp. Mbwa huyo alikuwa aitwe Mamie, lakini Eisenhower akachaguliwa rais na mkewe alikuwa Mamie, hivyo mbwa akaitwa Peg kwa heshima ya Lee. Yeye ndiye aliyemsihi Walt Disney amwache hai mbwa mzee Trusty, ambaye hadithi ilikuwa imemuua chini ya gari la farasi. Wimbo wa wale paka wawili umezeeka vibaya, kwa sababu unawadhihaki watu wa Asia kwa lafudhi, na filamu ilipotengenezwa upya mwaka 2019 wimbo huo haukutumika. Wimbo wa mbwa Peg haujazeeka hata kidogo.

Jukwaani, makini yake ilikuwa ya kutisha. Aliandaa maonyesho yake katika majalada mazito, kila wimbo na karatasi zake: maneno, mpangilio wa ala, taa ipi iwake na izimike kwenye neno gani, mkono uinuke wapi, nywele na gauni vya usiku ule. Watu waliojaa klabu ya Basin Street East jijini New York mwanzoni mwa miaka ya 1960 walimwona mwanamke karibu haendi popote. Anasimama. Kidole kinasogea, taa inabadilika, bendi inakata, na wanadhani wameona jambo lililotokea lenyewe. Lilikuwa limeandikwa na kufanyiwa mazoezi mpaka mwendo wa unyusi. Wapo wanaosema upangaji wa namna hiyo unaua roho ya muziki. Siafikiani nao. Mtu asiyepaza wala kurukaruka hana kingine cha kumshikia msikilizaji isipokuwa usahihi, na usahihi haupatikani kwa kubahatisha kila usiku.

Na mapafu yake yalikuwa mabovu. Baada ya kuugua nimonia mwaka 1961 alisafiri miaka mingi na mashine ya kumpa oksijeni, akiitumia nyuma ya jukwaa kabla ya kutoka. Mwimbaji mwingine angepunguza maonyesho. Yeye alizidi kujifunza kugawa pumzi: neno lipi lipewe nyingi, lipi lipewe kidogo, wapi kunyamaza kuwe pumziko la mwili na maana kwa wakati mmoja.

Mwaka 1969, akiwa na miaka 49, wakati redio zimeshikwa na roki, alitoa wimbo ambao Capitol hawakuuamini. "Is That All There Is?" ulitungwa na Jerry Leiber na Mike Stoller, waliokuwa wameandika "Hound Dog", na chanzo chake ni hadithi fupi ya Thomas Mann, yule Mjerumani. Randy Newman, kijana bado, alipanga okestra. Beti haziimbwi kabisa, zinasemwa. Mwanamke anasimulia nyumba kuungua, sarakasi, mapenzi, na baada ya kila kimoja anajiuliza kama ndiyo yote yaliyopo. Kiitikio pekee ndicho kinachoimbwa. Wengi wangeutamka kwa uchungu, au kwa dharau. Lee hautamki kwa lolote kati ya hayo. Anaongea kwa upole wa mtu aliyekwisha kuyapima mambo na hataki kukutisha, na hapo ndipo wimbo unapoogofya. Njia aliyoianza Palm Springs, ya kuishusha sauti hatua kwa hatua, ilimfikisha mahali ambapo kuimba kunakaribia kwisha na mazungumzo yanaanza, na muziki haukupungua. Wimbo ulifika namba 11 kwenye chati za Marekani, na mwaka 1970 ukampa tuzo ya Grammy.

Vijana wa Liverpool walikuwa wamemsikia zamani. Paul McCartney aliujua "Till There Was You" kupitia santuri ya Lee, na The Beatles wakaurekodi 1963. Mwaka 1974 McCartney alimtungia "Let's Love". Upande wa Broadway mambo hayakwenda: mchezo wake wa maisha yake mwenyewe, "Peg", ulifunguliwa Desemba 1983 na kufungwa baada ya siku chache. Moyo wake ulifanyiwa upasuaji mwaka 1985. Miaka ya 1990 aliimba ameketi kwenye kiti cha magurudumu, na wasikilizaji walinyamaza vilevile.

Makini ile ya majalada alikuwa nayo pia kwenye mikataba. Kwa sauti zake zote katika "Lady and the Tramp" alilipwa dola 3,500. Lakini mkataba wake wa mwaka 1952 ulikuwa na kifungu kinachosema kwamba kampuni haikupewa haki ya kutengeneza santuri wala nakala nyingine za kuuzia umma. Mwaka 1987 Disney waliitoa filamu hiyo kwenye kanda za video, zikauzwa kwa mamilioni. Mwaka uliofuata Lee alikwenda mahakamani. Kampuni ilijitetea kwamba kanda za video hazikuwapo mkataba ulipoandikwa, hivyo kifungu hakizihusu. Mwanamke mgonjwa, mwenye umri wa karibu miaka 70, alishikilia kwamba nakala ni nakala. Mwaka 1991 jopo la raia lililosikiliza kesi lilimpa dola milioni 3.8, jaji akazipunguza hadi milioni 2.3, na mahakama ya rufaa ikauthibitisha ushindi wake mwaka 1992. Siku hizi wanasheria wa filamu Marekani huandika mikataba wakitaja mpaka mitambo ambayo bado haijavumbuliwa.

Hakuishia kwenye kesi yake mwenyewe. Alikubali jina lake litangulie katika kesi nyingine, iliyowadai warithi wa Decca malipo ya wasanii wa zamani ambao santuri zao ziliendelea kuuzwa huku hesabu zao zikikatwa visivyo. Kiharusi kilimpata mwaka 1998 na kumnyamazisha. Alifariki nyumbani kwake Bel Air tarehe 21 Januari 2002, akiwa na miaka 81. Mwaka huo kesi ilimalizwa kwa makubaliano ya dola milioni 4.75, zigawanywe kwa wasanii wapatao 300 na familia zao.